Ukingo Uliojengwa kwa Nguo: Kisa cha Gikomba na Mto Nairobi

Nyuma ya Gikomba, soko la mitumba jijini Nairobi, pale mafuriko yalipoukata wima ukingo wa Mto Nairobi, utaona tabaka. Juu kuna udongo na majivu. Chini yake kuna nguo: mguu wa suruali ya jinzi, kamba ya sidiria, kola ya jezi, soksi moja, kipande cha pazia, vyote vimeshindiliwa pamoja na tope jeusi mpaka vikashikana. Chini ya nguo kuna tope, na chini ya tope hilo kuna nguo tena. Mikokoteni hupita juu yake na vibanda vimesimama juu yake. Mvua ikinyesha sana, kipande cha ukingo humeguka na kuingia majini pamoja na kila kilichomo.

Huo ukingo ndio kisa ninachotaka kukichambua. Mtu akitaja plastiki katika Mto Nairobi, wengi wetu tunafikiria chupa za soda na majuala. Hayo yapo, na yanachukiza. Lakini naamini kwamba katika kipande hiki cha mto chanzo kikubwa tunachokipuuza ni nguo. Haionekani kuwa plastiki, kwa hiyo hakuna anayeipima inapoingia mtoni, hakuna anayeizuia, na hata vijana wanaosafisha mto huiacha kwa sababu imeshageuka kuwa ardhi.

Nguo inavyofika mtoni

Robota la mitumba hushuka bandarini Mombasa na kusafirishwa hadi Nairobi, na Gikomba ndiko mengi hufunguliwa. Anayenunua robota hununua akiwa gizani. Hawezi kulifungua kabla ya kulipa, na linauzwa kwa uzito na kwa aina: blauzi, makoti, nguo za watoto, mashuka. Likishafunguliwa, nguo huchambuliwa. Zile bora kabisa ndizo kamera, na wenye maduka huamka alfajiri kuziwahi. Zinazofuata huuzwa kwenye vibanda. Za mwisho ni fagia, zinamwagwa kwenye turubai na kuuzwa kwa bei ya kutupa, na muuzaji anaita wateja mpaka sauti inakauka.

Baada ya fagia kuna nguo ambazo hata kwa bei hiyo hazipati mnunuzi. Zimeraruka, zina madoa ya mafuta, zimeota ukungu, au ni makoti mazito ya baridi kali ya Ulaya ambayo mtu wa Nairobi hana pa kuyavalia. Ongeza vipande vinavyokatwa na mafundi cherehani wa sokoni, wanaopunguza suruali na kugeuza gauni kuwa blauzi siku nzima. Shehena hii haina mwenyewe. Aliyeileta nchini alishalipwa kwa kila kilo, takataka zikiwemo. Aliyeiuza huko ng'ambo alishaondokewa na mzigo. Imebaki mikononi mwa mama aliyeweka akiba ya chama kwenye robota moja, na ili iondoke inabidi atoe hela nyingine mfukoni. Mwenye mkokoteni anakubali kuichukua kwa malipo kidogo, na mahali pa karibu pa kuimwaga ni mtoni.

Nimesikia watu wakisema wafanyabiashara wa Gikomba ni wachafu. Mimi nakataa kabisa. Katika mnyororo mzima wao ndio wenye faida ndogo kuliko wote, na ndio pekee wanaotakiwa kugharamia takataka za wengine. Mtu akinunua kilo kadhaa za uchafu bila kujua, kisha akaambiwa ni wake, tatizo halikuanzia kwake.

Sasa tuangalie nguo yenyewe. Zaidi ya nusu ya nyuzi zote zinazotengenezwa duniani leo ni poliesta, na poliesta ni plastiki ileile inayotengenezewa chupa ya soda. Tofauti ni kwamba imevutwa ikawa uzi. Jezi za mpira, makoti ya manyoya bandia, leso za kung'aa, mashuka laini, blanketi nyepesi: karibu zote ni poliesta, akriliki au nailoni. Uzi mmoja wa poliesta una unene wa maikromita 10 hadi 20 hivi (maikromita ni sehemu ya elfu ya milimita), wakati unywele wa mtu hufika kama 70. Kwa hiyo nguo inazaliwa ikiwa imeshasagwa katika kipimo kimoja, yaani unene. Chupa lazima ipigwe na jua miaka mingi ndipo ivunjike kuwa maikroplastiki, yaani vipande vilivyo chini ya milimita 5. Shati la poliesta linahitaji kusuguliwa tu.

Na kwenye ukingo ule linasuguliwa kutoka kila upande. Jua linaukausha uzi na kuufanya mwepesi kukatika. Miguu na magurudumu yanauponda. Mchanga unaobebwa na maji unaukwangua. Halafu kuna moto. Gikomba imeungua mara nyingi kiasi kwamba wafanyabiashara wengine wamejenga upya zaidi ya mara moja, na hata pasipo na ajali, marundo ya nguo huchomwa kandokando ya maji ili kupunguza wingi. Poliesta ikichomwa kwenye moto mdogo namna hiyo haiishi yote. Sehemu yake huyeyuka, hudondoka, kisha hugandamana kuwa vijiwe vyeusi vigumu vinavyomeng'enyuka mkononi. Hivyo navyo huishia majini.

Kipimo kinachopitwa na uzi

Chukua maji ya pale kwa mtungi wa kioo, yaache mashapo yatulie, yapitishe kwenye karatasi ya chujio, uiweke chini ya hadubini. Utakachoona kwanza ni rangi: nyuzi za buluu, nyeusi, nyekundu, nyingine za kijani kibichi ambacho hakipo katika mmea wowote. Uzi wa pamba hujipinda kama utepe na unene wake hubadilika. Uzi wa poliesta ni laini, una unene uleule kuanzia mwanzo hadi mwisho. Ukiugusa kwa ncha ya sindano iliyotiwa moto, poliesta hujikunja na kuyeyuka, pamba inageuka mkaa. Kipimo cha sindano ni cha kizamani na hakitoshi kutambua aina ya plastiki. Kazi hiyo ni ya mashine inayosoma jinsi kipande kinavyofyonza mwanga wa infraredi. Lakini kwa mtu anayetaka kujua kama mto wake umebeba nguo, sindano inatosha kumshtua.

Ugumu unaanzia hapa. Watafiti wengi wa maikroplastiki duniani hutumia nyavu zenye matundu ya takribani maikromita 300. Wavu huo hushika vipande vya chupa na juala vizuri sana. Uzi wa maikromita 15, hata ukiwa mrefu, hupenya ukitanguliza ncha. Tafiti zilizolinganisha njia hizo mbili zimeonyesha mara kwa mara kwamba maji yaliyochotwa kwa chombo na kuchujwa kwa chujio laini hutoa nyuzi nyingi mno kuliko yaliyopita kwenye wavu. Maana yake ni kwamba mto unaotiririka kando ya soko la nguo ukipimwa kwa wavu, utaonekana msafi kuliko ulivyo.

Sheria nayo ina mwanya. Kanuni za ubora wa maji za 2006, zilizotungwa chini ya sheria ya mazingira ya 1999, ziliweka viwango vya maji yanayoruhusiwa kuingizwa mtoni: uchafu unaoelea ndani ya maji usizidi miligramu 30 kwa lita, mahitaji ya oksijeni ya kibayolojia, yaani oksijeni ambayo vijidudu hutumia kuozesha uchafu, yasizidi 30, na kadhalika kwa risasi, zebaki na vingine. Maikroplastiki hazikutajwa. Kwa kipimo hicho uzi wa poliesta unahesabiwa pamoja na udongo na mabaki ya majani kama yabisi tu. Kiwanda kinaweza kutimiza miligramu 30 huku kikimwaga nyuzi usiku na mchana, na kisiwe kimevuka kiwango hicho. Ukingo wa Gikomba hauna hata bomba la kukaguliwa, kwa sababu si mwenye kiwanda anayemwaga; ni ardhi yenyewe inayomeguka.

Kuna jambo jingine ambalo nadhani ndilo linalotupotosha zaidi. Polithini na polipropilini ni nyepesi kuliko maji, ndiyo maana majuala na vifuniko vya chupa huelea na kukusanyika pale kwenye maporomoko ya Fourteen Falls, karibu na Thika, ambako kila mtu anapiga picha ya povu na takataka. Poliesta ni nzito. Sentimita moja ya ujazo ina uzito wa takribani gramu 1.38, kwa hiyo maji yakitulia huzama. Tunachopiga picha ni kile kinachoelea. Nguo imelala chini kwenye tope, imetulia, inangoja mafuriko.

Mafuriko yakaja. Aprili na Mei 2024 Nairobi ilizama, watu wakafa Mathare na mitaa mingine, na serikali ikaamuru walio ndani ya mita 30 kutoka mtoni wahame. Vifo hivyo na nyumba zilizobomolewa ndivyo vilivyotushughulisha, na ilikuwa haki. Lakini chini ya maji kulikuwa na tukio jingine. Watafiti waliochunguza mito ya eneo la Manchester, Uingereza, na kuchapisha matokeo yao 2018, waligundua kwamba mafuriko ya msimu mmoja yalisomba takriban asilimia 70 ya maikroplastiki zilizokuwa zimelala kwenye sakafu ya mito hiyo. Mto Nairobi hushuka kwa kasi kutoka mjini, na masika yetu yakikasirika hayana simile. Sioni sababu ya kudhani kwamba tope la Gikomba lilibaki mahali pake.

Linakokwenda

Baada ya Gikomba mto unaelekea mashariki, unapita Korogocho na Dandora kando ya jaa kubwa la jiji, unapokea maji ya Mathare na ya Ngong, kisha unafika Njiru na Ruai. Huko wapo wakulima wanaomwagilia sukuma wiki, spinachi na nduma kwa maji hayo, na mboga hizo hurudi sokoni mjini. Nyuzi zinazomwagwa shambani hubaki kwenye udongo. Msimu ukirudiwa, zinaongezeka.

Ruai ndiko yaliko mabwawa makubwa ya kusafishia majitaka ya jiji. Mabwawa ya aina hii, ambayo maji hutuama siku nyingi, hushusha chini sehemu kubwa ya nyuzi, na hilo ni jambo jema. Tatizo ni kwamba nyuzi hizo hazijatoweka; zimehamia kwenye tope la bwawa, na tope hilo siku moja litatolewa na kupelekwa mahali. Isitoshe, sehemu kubwa ya Nairobi haijaunganishwa na mabomba ya majitaka. Ukifua nguo kwenye beseni ukamwaga maji ya povu mtaroni, hayafiki Ruai kwenye bwawa. Yanafika mtoni moja kwa moja, na nyuzi zake zote.

Kutoka hapo Mto Nairobi unaungana na Athi. Athi unateremka hadi Makueni, ambako bwawa la Thwake lilianza kujengwa 2018 kwenye maji hayo ili wakazi wa huko na mji wa Konza wapate maji. Bwawa ni mtego wa mashapo kwa umbile lake. Kila uzi mzito ulioshindwa kutulia njiani utatulia hapo, mbele ya mdomo wa bomba la maji ya kunywa. Kusafisha maji kwa kugandisha uchafu na kuchuja kwa mchanga huondoa maikroplastiki nyingi, kama mtambo umejengwa vizuri na unaendeshwa vizuri. Mtu wa Makueni hajawahi kufungua robota Gikomba, na ndiye atakayelipia umeme na kemikali za kuondoa nyuzi za robota hilo.

Mto huohuo, ukiitwa Galana, unakatiza Tsavo Mashariki palipo viboko na mamba, kisha kwa jina la Sabaki unaingia Bahari ya Hindi kaskazini mwa Malindi. Mlango wa Sabaki ni mahali muhimu pa ndege wa majini, wengine wakiwa wageni waliovuka mabara, wanaochokora tope kwa midomo kutafuta minyoo na kaa wadogo. Mwaka 2018 watafiti wa Kenya walichapisha ushahidi wa kwanza kwamba zuplanktoni, yaani wanyama wadogo mno wanaoelea baharini, katika maji ya pwani yetu walikuwa wamemeza maikroplastiki. Wanyama hao huliwa na samaki wachanga, na samaki huliwa na wakubwa wao, na sisi. Siwezi kusema uzi fulani ndani ya zuplanktoni ulitoka Gikomba. Pwani ina vyanzo vyake, na bahari huleta vya wengine. Ninachosema ni kwamba njia kutoka sokoni hadi pale iko wazi na haina kizuizi.

Yaliyofanywa, na palipobaki pengo

Si kweli kwamba Kenya imekaa kimya. Marufuku ya mifuko ya plastiki iliyoanza tarehe 28 Agosti 2017, yenye faini ya shilingi milioni 2 hadi 4 au kifungo, ilibadilisha sura ya nchi. Anayekumbuka majuala yaliyokuwa yakining'inia kwenye kila mwiba anajua. Lakini mfuko uliochukua nafasi yake, ule wa rangi unaofanana na kitambaa, ni polipropilini iliyopigwa ikawa kama nguo. Ukizeeka hupukutika nyuzi. Mamlaka ya mazingira ilijaribu kuushughulikia 2019 kwa sababu ya ubora wake duni, na bado upo. Tuliondoa utando, tukakaribisha uzi.

Mto wenyewe nao umesafishwa zaidi ya mara moja. John Michuki, akiwa waziri wa mazingira, aliusafisha kwa mkono mzito kuanzia 2008, na bustani karibu na mzunguko wa barabara wa Globe ikapewa jina lake. Machi 2025 ukazinduliwa mpango mwingine wa kuufufua, wenye vijana wengi kazini na mabomba makuu ya majitaka ya kujengwa. Vikundi vya vijana kule Korogocho vimegeuza kingo zilizokuwa jaa kuwa bustani, na sina lolote ila heshima kwao. Wamefanya kwa reki na gunia kazi iliyowashinda wenye bajeti. Hata hivyo kazi yote hii imeelekezwa kwenye kinachoonekana na majitaka. Ukingo wa nguo unaweza kufunikwa kwa udongo, ukapandwa nyasi na kuzinduliwa kwa utepe, huku ukiendelea kutoa nyuzi kutoka chini.

Wapo wanaosema dawa ni kupiga marufuku mitumba. Mitumba imesomesha watoto wa nusu ya Eastlands, ile mitaa ya mashariki mwa Nairobi, na nguo mpya za bei nafuu zinazoingia badala yake ni poliesta vilevile, tena dhaifu zaidi. Marufuku ingemwondolea mama riziki na kumwachia mto uleule.

Naona mwafaka ni kurudisha gharama kwa aliyeleta mzigo. Sheria ya usimamizi endelevu wa taka ya 2022 inamhesabu hata anayeagiza bidhaa kutoka nje kuwa mzalishaji mwenye wajibu. Uzito wa kila kontena la mitumba unajulikana forodhani. Tozo ndogo kwa kilo, ikiwekwa kwenye akaunti isiyoguswa kwa jambo lingine, ingetosha kuwalipa wenye mikokoteni wapeleke takataka za nguo kwenye kituo kimoja ndani ya Gikomba badala ya mtoni. Mwenye mkokoteni hana uadui na mto. Anafuata malipo na umbali. Kituo kikimlipa kwa kilo, na kikiwa karibu kuliko ukingo, ataelekea huko. Pamba ikitengwa inakuwa matambara ya gereji, ambayo Nairobi haijawahi kuyakosa wanunuzi. Poliesta ni ngumu zaidi, na nisingependa kuona inajazwa kwenye mito ya kulalia na magodoro bila kufikiri, kwani hapo itapukutikia chumbani. Kwa sasa kuihifadhi mahali pakavu palipofungwa ni bora kuliko kuisubiri mvua iichukue.

 

Lililobaki ni ukingo uliokwisha kujengwa, na hapa nina wasiwasi na haraka ya watu wenye matingatinga. Kuuchimbua wakati wa mvua ni kufanya kwa wiki moja kile ambacho mto ungefanya kwa miaka: tabaka zote zitavurugwa, na nyuzi zitakwenda na maji kabla gunia la kwanza halijafungwa. Kazi hiyo ifanywe Januari na Februari, maji yakiwa chini, kwa vipande vifupi, huku kizuizi cha mawe na kitambaa cha kuchujia cha mkonge kikiwa kimewekwa upande wa chini. Kabla ya jembe la kwanza, maji na tope vichotwe sehemu tatu, juu ya soko, chini ya soko na Njiru, kwa mitungi ya kioo na chujio laini, si kwa wavu. Baada ya masika vichotwe tena palepale. Maabara za vyuo vikuu vya hapa Nairobi zina hadubini za kutosha kwa hesabu hiyo, na matokeo yabandikwe sokoni, mahali ambapo walioondoa takataka zao mtoni wanaweza kuyasoma.